DAKTARI WA JICHO MOJA ALIYETUFUNDISHA KUANDIKA HABARI ZA TUMBO

Mali bila daftari hupotea bila habari. Methali hii sisi watu wa pwani tumeirithi kwa wazee waliofanya biashara za majahazi, ambao kila pishi ya mchele na kila kikuba cha tende waliwaandikia hesabu yake. Na katika dini yetu, aya iliyo ndefu kupita zote katika Kurani, ile ya deni katika Sura ya al-Baqara, yatuamrisha kuandika tunapokopeshana. Ajabu ni kwamba mtu huyo huyo aandikaye deni la shilingi kumi haandiki hata mstari mmoja juu ya tumbo lake ambalo limemuuma miaka kumi.

Leo nataka kuwasimulia wasomaji maisha ya mtu mmoja aliyejenga jina lake lote juu ya jambo hili la kuandika. Hakuwa mwenzetu wa dini wala wa rangi. Alikuwa Mkristo mcha Mungu kutoka Ireland, na alikuwa na jicho moja tu. Lakini kazi yake kubwa aliifanya hapa kwetu Afrika Mashariki, na matumbo yaliyomfundisha elimu ni matumbo ya watu wetu. Jina lake ni Daktari Denis Burkitt.

MTOTO WA MWANDISHI WA NDEGE

Burkitt alizaliwa tarehe 28 Februari, mwaka 1911, karibu na mji wa Enniskillen, kaskazini ya Ireland. Baba yake, James Parsons Burkitt, alikuwa mhandisi wa barabara na madaraja wa jimbo la Fermanagh. Kazi ilipokwisha jioni, mzee huyo alikuwa na shughuli nyingine iliyowashangaza majirani. Aliwatega ndege wadogo wa bustanini waitwao robin, akawavisha pete miguuni, akawaachilia. Kisha kila siku aliandika ndege gani ameonekana wapi, amepigana na nani, na mipaka ya milki yake yafika mti gani. Kwa njia hiyo alipata kujua mambo ya ndege hao ambayo wataalamu wakubwa hawakuyajua. Hakuwa na chombo chochote cha thamani ila kalamu, karatasi na subira.

Kijana Denis alikulia katika nyumba hiyo. Alipokuwa na umri wa miaka 11, jiwe lililorushwa na watoto lilimvunjia miwani, na vipande vya kioo vikamharibu jicho la kulia. Jicho likapotea. Baadaye aliingia Chuo cha Trinity mjini Dublin kusomea uhandisi kama baba yake, kisha akageuza nia na kusomea udaktari. Mwaka 1938 alihitimu upasuaji. Alipoomba kazi ya udaktari katika makoloni ya Uingereza, alikataliwa kwa sababu ya lile jicho. Vita vya pili vya dunia vilipopamba moto aliingia jeshini akiwa daktari, akaletwa Kenya na Somalia. Hapo ndipo alipoionja Afrika, na vita vilipokwisha akapewa kazi Uganda, mwaka 1946.

BUSHA LA LANGO

Kituo chake cha kwanza kilikuwa Lira, katika wilaya ya Lango. Huko alikuta wanaume wengi wenye busha. Sisi wa pwani hatuhitaji kuelezwa maana ya busha. Maradhi haya na ndugu yake matende tumeishi nayo tangu zamani. Daktari mwingine angepasua na kushona na kwenda zake. Burkitt alipasua na kushona, lakini pia aliandika kila mgonjwa ametoka wapi. Baada ya muda alitazama maandishi yake akaona jambo: wenye busha wengi walitoka upande wa mashariki wa wilaya, na upande wa magharibi walikuwa nadra. Basi akatambua kwamba ugonjwa una mahali pake kama mti ulivyo na udongo wake, na mahali hapo pakijulikana, huenda sababu yake nayo ikajulikana.

Jambo hilo dogo aliliandika katika jarida la madaktari la Uingereza mwaka 1951. Wakati huo alikwisha kuhamishiwa Hospitali ya Mulago, Kampala, na wachache sana waliojali habari za busha la Lango. Lakini yeye alikuwa amepata ufunguo, na ufunguo huo alikaa nao maisha yake yote.

UVIMBE WA TAYA

Mwaka 1957, Daktari Hugh Trowell wa Mulago alimwita Burkitt akamtazame mtoto wa kiume aliyevimba mataya, juu na chini, kulia na kushoto. Burkitt hakupata kuona uvimbe kama ule. Majuma machache baadaye alikuwa katika hospitali ya Jinja, akatupa jicho lake dirishani, akamwona mtoto wa kike amekaa na mamake nje, uso umevimba vile vile. Akamkimbilia. Alipompima alikuta na tumbo limevimba pia. Tangu siku hiyo hakulala. Alirudi Mulago akafunua mafaili ya zamani, moja baada ya moja, na akakuta kwamba watoto wengi waliokuwa wameandikiwa majina mbali mbali ya saratani, huyu ya taya, yule ya figo, yule ya tumbo, wote walikuwa na ugonjwa mmoja. Faili zilikuwapo siku zote. Ila hakuwapo mtu wa kuziweka pamoja na kuzisoma. Mwaka 1958 alitangaza habari zake, na saratani ile hadi leo huitwa kwa jina lake.

Kisha akataka kujua mahali pake, kama alivyofanya kwa busha. Kwa msaada wa fedha kidogo mno, pauni 25, alichapisha karatasi zenye picha za watoto wagonjwa, akazituma kwa hospitali nyingi za Afrika akiuliza: je, mmeona uvimbe kama huu? Majibu yalipofika aliyachomekea pini kwenye ramani. Mwezi wa Oktoba 1961 yeye na madaktari wenzake wawili, Ted Williams na Cliff Nelson, walipanda gari kuukuu aina ya Ford lililonunuliwa kwa pauni 250, wakateremka kusini. Walikwenda majuma kumi na maili elfu kumi, wakizuru hospitali zaidi ya 50. Kila walipofika waliuliza swali lile lile na kuandika jibu.

Ramani ilipokamilika, ilionekana kwamba karibu na mstari wa ikweta ugonjwa ule haupandi vilima vilivyopita mita 1500 hivi. Ilikuwa ni habari ya joto na mvua, na nyuma ya joto na mvua ilikuwako malaria. Mimi niandikaye ni mkaazi wa Birongo, katika vilima vya Kisii, na nikisimama hapa huweza kuufikiri mpaka wa Burkitt kwa macho: mwambao wa Ziwa Viktoria uko chini yake, na vilima hivi viko juu yake.

Mwaka huo huo wa 1961 Burkitt alitoa hotuba London, na mmoja wa waliomsikiliza, Anthony Epstein, akaomba apelekewe vipande vya uvimbe kwa ndege. Mwaka 1964 Epstein na wenzake wakatangaza virusi walivyovikuta ndani yake, navyo ni virusi vya kwanza kujulikana kuwa vyahusiana na saratani ya binadamu. Huko Kuluva, West Nile, hospitali ndogo ya yule rafiki yake Ted Williams, kumbukumbu zilikuwa zimewekwa kwa uangalifu hata wataalamu wakaweza kuonyesha kwamba wagonjwa hutokea kwa makundi, ya mahali na ya wakati. Hospitali nyingi kubwa hazikuweza kutoa elimu ile, kwa kuwa hazikuwa na daftari la namna ile.

KUTOKA TAYANI HADI CHOONI

Burkitt aliondoka Uganda katikati ya miaka ya sitini, akafanya kazi London chini ya Baraza la Utafiti wa Tiba. Mwaka 1967 alikutana na daktari mmoja mstaafu wa jeshi la majini, Peter Cleave, aliyeshika rai kwamba sukari na unga uliokobolewa ndivyo vilivyowaletea Wazungu maradhi mengi. Wengi walimcheka Cleave. Burkitt hakumcheka wala hakumsadiki. Alimwendea na njia yake ya kuandika. Kila mwezi hospitali za mashambani, nyingi za misheni, zilimletea fomu zenye hesabu: wangapi mwezi huu wamepasuliwa kidole tumbo, wangapi wana bawasiri, wangapi wana mawe ya nyongo, wangapi wana saratani ya utumbo mpana. Majibu yalifanana. Maradhi yaliyojaza hospitali za Uingereza yalikuwa machache sana, au hayapo, vijijini Afrika.

Akaingia katika utafiti ambao waungwana hawautaji. Watu walimezeshwa vipande vidogo vinavyoonekana kwa eksirei, kisha choo chao kikatiwa katika mifuko, kikapimwa uzito, kikapigwa picha ili ijulikane vipande vile vimetoka baada ya saa ngapi. Mwaka 1972 yeye na wenzake, Walker wa Afrika Kusini na Painter wa Uingereza, walitangaza matokeo. Wanamaji wa Kiingereza na wake zao, wala mikate myeupe, chakula kilichukua wastani wa saa 83 kupita mwilini, na choo chao cha siku kilikuwa gramu 104. Wanakijiji wa Uganda ilikuwa saa 36 hivi, na choo cha gramu 470. Tofauti kubwa ilikuwa nyuzinyuzi, yale makapi ya nafaka, mboga na matunda ambayo kinu cha kizungu huyatupa.

Burkitt alizunguka dunia akihubiri habari hiyo. Aliwaonyesha maprofesa picha za choo alizopiga porini, nao wakacheka mpaka machozi, kisha wakaenda nyumbani wakala mkate wa ngano nzima. Alikuwa na picha moja ya mchoro aliyoipenda: mfereji umeachwa wazi, maji yafurika sakafuni, na madaktari wanapiga deki kwa bidii, wala hapana aendaye kuufunga mfereji. Kitabu chake juu ya nyuzinyuzi, kilichotoka mwaka 1979, kilisomwa nchi nyingi. Alifariki tarehe 23 Machi, 1993, akiwa na umri wa miaka 82.

Si kila alilolisema limesimama. Utafiti wa baadaye ulitia shaka baadhi ya mambo, hasa juu ya vile vifuko vinavyotokea katika utumbo mpana, na juu ya saratani wataalamu walibishana sana kabla ya wengi kukubali kwamba chakula chenye nyuzinyuzi husaidia kuikinga. Lakini hata waliompinga walimpinga kwa njia yake: waliandika, wakahesabu, wakalinganisha.

DAFTARI LA MGONJWA

Kwa nini nikawasumbua wasomaji wa pwani kwa habari za mtu huyu nikiwa huku Birongo? Kwa sababu huku naona kwa macho yale aliyoyaandika, na naona pia pengo aliloliacha. Wazee wa Kigusii waliokula ugali wa wimbi, ndizi na mboga za chinsaga na managu, sasa wajukuu wao wala ugali mweupe wa unga uliokobolewa na soda. Nanyi huko pwani mwajua wenyewe: kunde, mbaazi, mchicha na mihogo vimepisha mahamri na wali mweupe kila siku ya Mungu.

Pengo lenyewe ni hili. Burkitt aliandika habari za maelfu, lakini habari za mtu mmoja hakuna awezaye kuziandika sawasawa ila mwenyewe. Katika zahanati nyingi za nchi yetu mgonjwa huambiwa aje na daftari la shule, ndimo daktari aandike. Daftari likijaa hutupwa, au hufungiwa sukari dukani. Mgonjwa akienda hospitali nyingine huanza ukurasa mpya, kama mtu aliyezaliwa jana. Na maradhi ya tumbo ndiyo yasiyotaka hivyo, kwa kuwa huja na kwenda. Siku ya kumwona daktari pengine hayapo, na mgonjwa hubaki kusema tu kwamba huumwa siku nyingine.

Mimi mwenyewe nina vidonda vya tumbo, na daftari langu nimeliweka miaka kadhaa. Faida yake si hadithi. Tangu wataalamu wawili wa Australia, Marshall na Warren, walipogundua katika miaka ya themanini kwamba vidonda vingi huletwa na kijidudu kiitwacho Helikobakta pailori, jambo lililowapatia Tuzo ya Nobel mwaka 2005, vidonda hutibiwa kwa dawa za kuua vijidudu. Lakini dawa iliyokwisha kutumika mara moja ikashindwa, mara nyingi haifai kurudiwa. Daktari asiyejua mgonjwa alipewa nini mwaka juzi hufanya kazi gizani. Aliye na daftari hulifungua, na daktari akaona jina la dawa, siku zilizotumika, na kipimo kilichofuata.

Tena kuna choo cheusi. Choo kikiwa cheusi kama lami chaweza kuwa ni damu itokayo tumboni, na hapo ni kukimbilia hospitali. Lakini vidonge vya madini ya chuma wapewavyo wenye upungufu wa damu pia hugeuza choo kikawa cheusi. Aliyeandika tarehe alipoanza vidonge ana jambo la maana la kumwonyesha daktari.

Na kuna jambo zito zaidi. Magharibi ya Kenya, saratani ya umio, yaani njia ya chakula kutoka kooni hadi tumboni, ni nyingi kuliko sehemu nyingi za dunia, na Burkitt mwenyewe ni miongoni mwa walioeleza kwamba saratani hiyo imegawanyika kwa mahali, hapa nyingi na pale haba. Wengi hufika hospitali wakiwa hawawezi kumeza hata uji. Ukiwauliza imeanza lini, husema hivi karibuni. Lau lingekuwako daftari, lingeonyesha kwamba miezi sita kabla nyama ilikwama, kisha ugali ukakwama, na kwamba nguo zililegea kiunoni. Mwenye kuyaona hayo yameandikwa kwa mkono wake mwenyewe hangoji uji ukwame.

NAMNA YA KUANDIKA

Daftari halitaki elimu kubwa. Ukurasa wa kwanza uwe wa mambo yasiyobadilika: mwaka wa kuzaliwa, dawa ambazo mwili wazikataa, upasuaji uliofanywa na mwaka wake, na maradhi ya tumbo yaliyowapata wazazi na ndugu. Baada ya hapo ni tarehe, saa maumivu yalipoanza, kabla au baada ya kula, chakula kilikuwa nini, choo kilikuwaje, na dawa gani imemezwa. Uzito uandikwe kila mwezi. Karatasi za vipimo zibandikwe au zitiwe katika bahasha moja kwa mfuatano wa tarehe, na majibu ya picha yasiachwe hospitalini. Siku ambayo hapana maumivu, aandike hivyo hivyo kwamba hapana, maana siku njema nazo ni ushahidi.

Kwetu Waislamu kuna faida nyingine. Kila mwaka Ramadhani ikikaribia, wenye vidonda huuliza kama wafunge au wasifunge, na dini imempa mgonjwa ruhusa ya kula na kulipa siku nyingine. Lakini ni nani awezaye kujijua? Aliyeandika Ramadhani iliyopita, siku gani tumbo lilimchoma, alikula nini daku na alifuturu kwa nini, atamfikia daktari na shehe akiwa na hoja mkononi. Asiyeandika atafuata maneno ya jirani.

Wala asiseme mtu kwamba haya ni mambo ya Kizungu. Abu Bakr al-Razi, aliyekuwa mganga mkuu wa hospitali ya Baghdad zaidi ya miaka elfu moja iliyopita, aliandika habari za wagonjwa wake na kuacha lundo la maandishi, yakakusanywa baada ya kufa kwake yakawa kitabu kikubwa kiitwacho al-Hawi. Ibn Sina aliandika risala nzima juu ya msokoto wa tumbo, na ni msokoto huo huo uliomsumbua mpaka akafa Hamadhan mwaka 1037. Tumejua habari za ugonjwa wake kwa sababu mwanafunzi wake al-Juzjani aliziandika. Burkitt aliingia tu katika safu iliyokwisha kupangwa na wazee wetu.

Nami huwaambia jirani zangu wa hapa Birongo, Wagusii na wageni, na leo nawaambia nyinyi: mwenye kuumwa na tumbo anunue daftari moja, alifunike kwa gazeti lisichakae, na jina lake aliandike juu kwa herufi kubwa. Awaonyeshe na watu wa nyumbani mahali linapokaa, kwa kuwa iko siku atapelekwa hospitali hajiwezi kusema, na siku hiyo daftari ndilo litakalomsemea.